Filamu ya watu wanaoishi kando ya mgodi: mwongozo kamili, hatua kwa hatua

Wanaoniletea hard diski niwasaidie kuhariri huwa na kilio kimoja: "Kaka, picha ninazo za kumwaga, ila filamu siioni." Nikifungua nakuta yaleyale. Malori yanatimua vumbi. Bibi analia. Kijana ananyoosha mkono kuelekea mgodini. Mwenyekiti wa kijiji anasema "tunaiomba serikali". Kisha droni inapaa. Iwe Nyamongo, Geita, Kahama au Kwale, ukibadilisha jina la kijiji hakuna atakayegundua.

Kamera haina kosa hapo. Mpiga picha alifika Jumatatu akaondoka Jumatano, akarudi na huzuni ya watu bila kujua hata mmoja wao anadai nini, kwa karatasi ipi, na amekwama mlango gani. Mwongozo huu ni wa filamu ya dakika 15 hadi 25, inayofanywa na watu wawili au watatu wenye bajeti ya kuungaunga.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya safari

- Kamera moja, au simu nzuri yenye programu inayokuruhusu kupanga mwanga mwenyewe.
- Stendi ya kamera. Mkono unaotetemeka hauwi "uhalisia", unachosha macho tu.
- Maiki mbili: ndogo ya kubana shatini, na ndefu ya kuelekeza yenye manyoya ya kuzuia upepo.
- Hedifoni za kuziba masikio. Usirekodi bila kuzivaa.
- Memori kadi za kutosha siku mbili, na hard diski mbili zinazobebwa na watu wawili tofauti.
- Brashi laini, mifuko ya plastiki na kitambaa cha lenzi. Vumbi la barabara ya mgodi ni laini kama poda na huingia hata kwenye zipu.
- Barakoa za vumbi, viatu vya ngozi na kizibao cha kuakisi mwanga.
- Fomu ya ridhaa ya ukurasa mmoja, kwa Kiswahili cha kawaida.
- Barua na vibali, nakala tano za kila kimoja. Kila ofisi itataka ibaki na yake.
- Daftari. Hiki ndicho kifaa utakachokitumia kuliko vyote.

Droni sikuiweka kwa makusudi. Ukiwa nayo, iwe ya mwisho kutoka kwenye begi.

## Hatua ya 1: Tafuta kaya moja yenye jambo linaloendelea

Usianze na "jamii iliyoathirika". Jamii haiamki saa kumi na moja alfajiri kwenda kuchota maji. Anayeamka ni mtu. Tafuta kaya yenye jambo ambalo halijaisha: mzee aliyefanyiwa uthamini na bado anasubiri hundi, mama anayeponda mawe kwenye karasha (mashine ya kusaga mawe) huku binti yake akikaribia mtihani wa darasa la saba wa Septemba, kijana ambaye shamba lake limepitiwa na bikoni, alama za mipaka, na hajui alime au asilime.

Kama fidia ilishalipwa na watu walihama miaka sita iliyopita, kilichobaki ni masimulizi, na hayo redio inayafanya vizuri kukuzidi. Mtazamaji hukaa kwenye kiti akitaka kujua kesho kutatokea nini.

Usidhani pia kwamba mgodi lazima uwe unanguruma. Kule Kwale, Base Titanium ilisimamisha uchimbaji mwishoni mwa Desemba 2024. Nani atapata ardhi ile, na aliyekuwa dereva wa mitambo anakula nini mwezi huu, ni mambo yanayoendelea mpaka sasa.

Kabla ya kwenda mbele, chukua nusu karatasi uandike mistari minne: nani, anataka nini, nini kinamzuia, lini itajulikana. Mstari wa nne ukibaki mtupu, endelea kutafuta kaya.

## Hatua ya 2: Vibali, kutoka juu hadi kwa balozi wa nyumba kumi

Tanzania, kibali cha kupiga filamu hutoka Bodi ya Filamu, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya 1976. Kenya, leseni iko kwa Bodi ya Uainishaji wa Filamu, KFCB. Droni ina mlango wake, mamlaka za usafiri wa anga: TCAA kwa Tanzania, KCAA kwa Kenya. Kuirusha juu ya eneo la leseni ya mgodi bila ruhusa ni njia fupi ya kulala kituoni na kuamka bila droni.

Lakini kibali cha makao makuu hakikufungulii kijiji. Pita kwa mkuu wa wilaya, kwa mkurugenzi wa halmashauri, kwa mtendaji wa kata, kwa mtendaji wa kijiji, kwa mwenyekiti, na mwisho kwa balozi. Kila unapopita, gonga mhuri kwenye nakala yako. Siku askari wa ulinzi wa mgodi atakapokusimamisha barabarani, mihuri sita kwenye karatasi moja humaliza mazungumzo haraka kuliko kadi ya uandishi.

Mererani ni habari nyingine. Tangu 2018 eneo la tanzanaiti limezungushiwa ukuta wa kilomita 24 hivi, na kuingia ni kwa lango. Panga siku za ziada.

Tahadhari: usiingie kijijini mara ya kwanza ndani ya gari la kampuni, wala la shirika linaloishtaki kampuni. Gari hilo litakumbukwa muda mrefu kuliko jina lako. Panda bodaboda.

## Hatua ya 3: Nenda mara ya kwanza bila kamera

Hii ndiyo hatua inayorukwa na kila mtu, na ndiyo inayoua filamu. Kaa siku tatu au nne. Lala kijijini kama unapata nafasi. Kunywa chai kwa mama ntilie, kaa kijiweni kwa bodaboda, nenda kisimani. Kamera iache mjini kabisa, usije ukajaribiwa.

Kazi yako siku hizo ni kujifunza maneno. Kila eneo la mgodi lina lugha yake, na asiyeijua hupiga picha asichokielewa. Geita utasikia *magwangala*: mawe ya mabaki ya mgodi ambayo wananchi huyapigania wakayasage kutafuta dhahabu iliyosalia. Kwa wachimbaji wadogo utasikia *duara*, shimo la kuchimbia, na *mwalo*, mahali pa kuoshea na kuchenjua. Nyamongo, wilayani Tarime, kuna neno *tegesha*: nyumba iliyoinuliwa haraka, au miti iliyopandwa chapuchapu, kwa kutarajia mthamini atapita na kuihesabu.

Hilo la tegesha nalikazia kwa sababu nimeona likichekesha ukumbi mzima. Kijana mmoja alipiga safu ya nyumba za bati zisizo na watu, akaweka kinanda cha huzuni chini yake na maandishi kuhusu familia zilizofukuzwa. Watu wa Mara waliokuwa wamekaa nyuma wakaangua kicheko. Hakuna aliyewahi kulala kwenye nyumba zile hata usiku mmoja. Na hadithi ya kweli ilikuwa palepale mbele ya lenzi yake: kwa nini mtu mwenye akili timamu akope pesa ajenge nyumba ya kubomolewa?

Lugha yenyewe ina mtego wake. Wazee wa Nyamongo watafunguka kwa Kikurya, wa vijiji vingi vya Geita kwa Kisukuma. Ukivuka hadi Kolwezi, Kongo, Kiswahili kipo, lakini cha huko kina Kifaransa ndani na maneno ambayo wewe wa Dar utayadaka kinyume. Tafuta mkalimani asiye mtoto wa kiongozi wala mwajiriwa wa mgodi, na umlipe.

Dalili ya kwamba uko tayari: mtu wa kijijini anakusalimia kwa jina, na anakuuliza, "Sasa hiyo kamera unaileta lini?"

## Hatua ya 4: Soma karatasi zao kabla hujauliza swali

Chini ya godoro, ndani ya mfuko wa nailoni, kila kaya iliyoguswa na mgodi ina bahasha. Omba kuiona. Nyingi zina fomu za uthamini, barua za halmashauri, na picha moja ninayoipenda kuliko zote: mwenye mali amesimama mbele ya nyumba yake ameshika kibao chenye namba, kama mtu aliyekamatwa.

Ukijua kuzisoma, karatasi hizi ndizo mwongozo wa filamu yako. Kwa Tanzania, Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka fidia iwe kamili, ya haki na ya wakati. Kanuni za fidia za 2001 zinaongeza juu ya thamani ya ardhi na maendelezo: posho ya usumbufu, posho ya makazi inayokokotolewa kwa kodi ya miezi 36, usafiri wa mizigo ya tani 12 ndani ya kilomita 20, na faida iliyopotea kwa aliyekuwa na biashara. Kaa na mzee mpitie mstari kwa mstari. Mstari usiokuwepo unaweza kuwa ndiyo filamu. Au ukakuta yote yapo na amelipwa sawasawa, na kilio chake kikawa ni makaburi ya wazazi wake yaliyoachwa ndani ya uzio. Hiyo ni filamu tofauti kabisa.

Piga picha ya kila ukurasa, urudishe karatasi palepale mbele ya macho yake. Usiondoke nayo hata kwenda kutoa fotokopi senta. Watu hawa wamewahi kukabidhi karatasi zisirudi.

## Hatua ya 5: Ridhaa, na jinsi ya kumficha mtu akafichika

Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, Kenya ina yake ya 2019. Kwa hiyo fomu si urembo. Lakini sahihi ya siku ya kwanza haitoshi. Omba ridhaa mara tatu: kabla ya kupiga, baada ya mahojiano ("kuna ulichosema ungependa kitoke?"), na baada ya kumwonyesha mhusika sehemu yake ikiwa imehaririwa. Asiyejua kusoma, msomee mbele ya shahidi aliyemchagua yeye, kisha rekodi jibu lake kwa sauti.

Mweleze hatari kwa jina: mwajiri anaweza kuona, shemeji anayefanya kazi mgodini anaweza kuona, mwenyekiti anaweza kuona. Usimwambie "serikali ikiona itawasaidia". Huna uwezo huo.

Kuhusu kuficha, nikuambie kosa langu. Nilimhoji kijana aliyekuwa akiingia usiku kwenye eneo la mgodi kuokota mawe. Nikamfunika uso, nikabadilisha sauti, nikajipongeza. Nyuma yake nikaiacha baiskeli yake, yenye kizuia matope kilichoandikwa kwa rangi nyekundu "Riziki Mafungu Saba". Kijiji kizima kiliijua baiskeli ile. Kwa wiki mbili hakulala kwake, na mimi ndiye niliyempeleka huko.

Tangu hapo sipigi kwanza nikafiche baadaye. Anayehitaji kufichwa nampeleka mahali pasipo pake, namkalisha kinyume na mwanga, naelekeza kamera kwenye mikono tu, na nakagua fremu kitu kimoja kimoja: kanga, pete, kovu, mlango, mbwa. Sauti asome mtu mwingine. Ile ya kompyuta inayonguruma huweza kurudishwa ilivyokuwa. Zima utambuzi wa mahali kwenye simu kabla ya kupiga.

## Hatua ya 6: Siku za kupiga

Mipangilio. Picha 25 kwa sekunde, shata 1/50. Umeme wetu ni wa hezi 50, hivyo taa hazitapepesa kwenye picha. Sauti kilohezi 48, na vilele vya sauti vicheze karibu na desibeli -12. Umemaliza.

Sauti kwanza. Karasha ikiwaka huna mahojiano. Uliza ratiba ya karasha, ya malori na ya baruti, upange mahojiano katikati. Kila mahali unapopiga, rekodi dakika moja ya kimya cha pale, watu wakiwa wamenyamaza. Hiyo ndiyo gundi utakayozibia nyufa wakati wa kuhariri, na haipatikani dukani.

Kazi, kuanzia mwanzo hadi mwisho. Mama anaponda mawe? Piga mpango mzima: eneo likionekana lote, kisha mikono, kisha uso, kisha kutoka nyuma ya bega lake, kisha kitu ambacho hukukitarajia. Kila kipande sekunde kumi bila kuchezesha kamera. Niliwahi kusubiri hicho cha tano kwa nusu saa: mama aliacha nyundo, akamkung'uta mtoto vumbi kwenye kope kwa ncha ya khanga, akaichukua nyundo tena. Sekunde nane, na ndizo watu wanazoniulizia hadi leo.

Tahadhari za mwili. Usishuke duarani, hata wakikuambia ni salama. Mpe mchimbaji kamera ndogo kama anataka. Kwenye karasha vaa barakoa, vumbi la mawe huharibu mapafu. Wakati wa kuchoma dhahabu iliyokamatwa kwa zebaki, simama upande upepo unakotoka, mbali, uvute kwa lenzi. Mvuke wa zebaki hauonekani wala haunuki, na barakoa ya vumbi haiuzuii. Maji ya mabwawa ya sayanaidi, sumu ya kuchenjulia dhahabu, usiyaguse.

Kila jioni, kabla ya kula: nakala mbili kwenye hard diski mbili, kisha fungua faili chache uhakikishe zinacheza. Ndipo ufute kadi.

## Hatua ya 7: Mahojiano

"Ulijisikiaje?" litakupa "nilijisikia vibaya sana" kila mara, kwa kila mtu. Uliza vitu na vitendo. "Siku mthamini alipokuja, alianza kuhesabu nini?" Mama mmoja alinijibu: "Miembe. Akahesabu minne. Nikamwambia huu wa tano je? Akasema huo bado mdogo. Mdogo wakati mjukuu wangu amezaliwa chini yake!" Hapo kuna fidia, uchungu na mcheshi mmoja, na sikugusa neno "kujisikia".

Mhoji mahali mkono wake una kazi ya kawaida: anachambua mchele, anafunga nyavu. Mkubwa kwako mwamkie, mwite mama au mzee, na usimkate kauli. Akinyamaza, nyamaza naye. Akilia, usisogeze kamera karibu. Mwulize kama mpumzike.

Posho italetwa mezani, usijifanye unashangaa. Msimamo wangu: nalipa kazi, silipi maneno. Mkalimani, mpishi, mwonyesha njia na bodaboda walipwe vizuri. Aliyepoteza siku ya kibarua kwa ajili yangu nafidia kibarua hicho, kwa kiwango kilekile kwa wote, na nalisema wazi. Sukari na sabuni napeleka siku ya kuaga. Zikitangulia mahojiano, utasikia unachotaka kusikia.

## Hatua ya 8: Pima madai, na upe upande wa pili nafasi

Mtu akisema "maji haya yanaua", weka hivyo kinywani mwake. Wewe kwenye sauti ya msimulizi huwezi kulisema bila kipimo. Sampuli ichukuliwe na mtaalamu, kamera ikiona saa, mahali na chupa ikifungwa, ipelekwe maabara inayotambulika kama ya Mkemia Mkuu wa Serikali. Jibu litoke kama tarakimu yenye kulinganishwa: kwa aseniki, mwongozo wa Shirika la Afya Duniani (WHO) kwa maji ya kunywa ni miligramu 0.01 kwa lita. Na hata kiwango kikizidi, bado hujajua kama chanzo ni mgodi, wachimbaji wadogo au mwamba wenyewe. Pima pia kisima kilicho upande wa juu wa mgodi, si cha chini pekee.

Fuata na pesa. Halmashauri za Tanzania hutoza ushuru wa huduma kwenye mapato ya mauzo. Kenya, Sheria ya Madini ya 2016 inagawa mrabaha asilimia 70 kwa serikali kuu, 20 kwa kaunti na 10 kwa jamii. Uliza zahanati ipi ilijengwa kwa pesa zipi. Mara nyingine utakuta aliyeshika fungu si yule anayelaumiwa na kijiji.

Kampuni iandikie barua yenye maswali yaliyohesabiwa, si "tunaomba maoni yenu". Wape siku 14, pata sahihi ya kupokelewa. Wakijibu, jibu liingie ndani ya filamu, si kwenye maandishi ya mwisho watu wakiwa wameshavaa viatu. "Walikataa kuzungumza" andika tu kama una karatasi ya kuthibitisha.

## Hatua ya 9: Kuhariri

Andika mahojiano yote neno kwa neno kabla ya kugusa programu. Yakate kwa mkasi, yapange sakafuni. Rudi kwenye nusu karatasi ya hatua ya 1: kila kipande kisichomsogeza yule mtu kuelekea anachotaka, au kumrudisha nyuma, kiondoke, hata kama ni machweo mazuri juu ya kifusi.

Tafsiri ya Kikurya au Kisukuma ipitiwe na mtu wa pili ambaye hakuwepo. Kinanda cha huzuni kitoe. Ukihisi kipande hakisimami bila muziki, kipande ndicho dhaifu. Kisha funga macho usikilize filamu yote. Kama bado unaelewa nani yuko wapi na anafanya nini, umefika.

## Hatua ya 10: Ionyeshe kijijini kwanza

Kabla ya tamasha lolote, onyesha mara mbili. Kwanza kwa kaya yenyewe, faragha, ukiwa tayari kutoa kitu wakikuomba. Usiende na filamu iliyokwisha kufungwa, maana hapo hujaomba ruhusa, umeleta taarifa.

Baada ya wiki, kwa kijiji, kama kaya imekubali. Projekta ya kukodi, jenereta, shuka jeupe ukutani mwa ofisi ya kijiji, saa moja na nusu jioni giza likishaingia. Jenereta iweke mbali, nyuma ya jengo, na uje na waya mrefu. Mwambie mwenyekiti mapema kilichomo. Asishangazwe mbele ya watu wake. Viti vya mbele wape wazee.

Filamu ikiisha usishike maiki. Mkabidhi yule mama wa miembe, ukae chini. Nakala acha kwenye flashi tatu: kwake, ofisi ya kijiji, na shule. Nenda na fundi wa simu pia, kuna watakaotaka iingizwe kwenye memori kadi zao usiku uleule, na foleni huwa ndefu.